Stakabadhi za Wafalme: Historia na Akiolojia ya Waajemi wa Kale

Waajemi wa kale walikuwa watu wa jamii ya lugha za Kiirani waliofanya makao yao katika nyanda za juu za Fars, kusini-magharibi mwa Iran ya leo. Nchi hiyo wenyewe waliiita Parsa. Kumbukumbu za wafalme wa Ashuru za karne ya 9 KK zinataja nchi ya Parsua katika milima ya Zagros, kaskazini zaidi, ila wataalamu hawajakubaliana kama hao ndio wazee wa Waajemi wa Fars. Lililo wazi ni kwamba Fars haikuwa nchi tupu. Ulikuwapo mji wa Anshani, mmoja wa miji mikuu ya dola kongwe ya Elamu, ambao mahali pake palisahaulika kabisa mpaka miaka ya 1970, pale matofali yenye maandishi yalipoonyesha kwamba kilima cha Tall-e Malyan ndicho Anshani yenyewe. Kwa Waelamu, Waajemi walijifunza uandishi, utunzaji wa hesabu na mengi ya ufalme. Koreshi, mwanzilishi wa dola yao, alipojitambulisha kwa watu wa Babeli alijiita wa ukoo wa wafalme wa Anshani.

Kwa karne nyingi historia ya watu hawa ilisimuliwa na wengine. Wagiriki, waliopigana nao, waliandika vitabu. Wayahudi, waliopata ruhusa ya mfalme wa Waajemi kurudi kutoka uhamishoni Babeli, waliwataja katika vitabu vya Ezra, Nehemia, Esta na Danieli, na ndiyo maana msomaji wa Kiswahili huwajua Koreshi, Dario na Ahasuero kwa majina ya Biblia kabla hajasikia lolote juu ya magofu yao. Waajemi wenyewe hawakuacha mwanahistoria hata mmoja. Waliacha majengo, michongo, matamko machache ya wafalme ya kujisifu, na hesabu za maghala. Katika hayo yote, hesabu za maghala ndizo zilizogeuza zaidi picha ya dola hii, maana karani anayeandika idadi ya magunia na mitungi hana haja ya kumpendeza wala kumtisha yeyote.

Koreshi wa Pili alianza kutawala mwaka 559 KK hivi, akiwa mfalme mdogo chini ya kivuli cha Wamedi wa kaskazini. Mwaka 550 KK alimshinda Astyages, mfalme wa Umedi. Miaka michache baadaye aliitwaa Lidia, nchi ya mfalme Croesus aliyesifika kwa dhahabu, magharibi mwa Uturuki ya leo. Oktoba 539 KK majeshi yake yaliingia Babeli, na mfalme Nabonidus akatekwa. Katika muda wa miaka 20 hivi, kabila la milimani likawa limeshika nchi zote kuanzia bahari ya Wagiriki hadi Asia ya Kati.

Kutoka siku hizo za Babeli imesalia hati mashuhuri kuliko zote: gogo dogo la udongo lenye urefu wa sentimita 23 hivi, lililochimbuliwa na Hormuzd Rassam mwaka 1879 na sasa liko katika Jumba la Makumbusho la Uingereza, London. Limeandikwa kwa mwandiko wa kikabari, yaani alama zinazofanana na misumari midogo, katika lugha ya Kibabeli. Linasema mungu Marduk alimchukia Nabonidus, akamchagua Koreshi, naye Koreshi akarudisha sanamu za miungu na watu wa mahekalu yaliyoachwa ukiwa. Katika karne ya 20 serikali ya Shah wa Iran ililitangaza gogo hili kuwa tamko la kwanza la haki za binadamu duniani. Sifa hiyo imepita kiasi. Wafalme wa Mesopotamia waliotangulia waliandika matamko ya namna hiyohiyo kila walipotwaa mji, na Wayahudi hawatajwi humo hata kwa neno moja. Hata hivyo linaonyesha siasa ambayo Waajemi waliishika kwa vizazi: kutawala kila taifa kwa lugha ya miungu yake.

Koreshi alijenga makao yake Pasargadae, katika tambarare yenye bustani zilizonyweshwa kwa mifereji ya mawe. Kaburi lake bado limesimama hapo, chumba kidogo cha mawe chenye paa la mgongo juu ya ngazi sita, kimo chake chote kama mita 11. Ernst Herzfeld alichimba hapo mwaka 1928, akafuatwa na Ali Sami kuanzia 1949, kisha David Stronach kuanzia 1961. Michongo ya hapo ina mikono ya mafundi wa Lidia, wa Ashuru na wa Misri kwa pamoja, na mchanganyiko huo ndio uliokuja kuwa mtindo wa kifalme wa Waajemi.

Mwana wa Koreshi, Cambyses, aliitwaa Misri mwaka 525 KK, akafa mwaka 522 KK akiwa njiani kurudi. Hapo panaanza kisa chenye utata kuliko vyote. Kwa maelezo ya Dario, aliyekuja kutawala baadaye, kuhani mmoja aitwaye Gaumata alijifanya kuwa Bardiya, ndugu wa Cambyses aliyekuwa ameuawa kwa siri, akakalia kiti cha enzi hadi Dario na wenzake sita walipomuua. Wanahistoria wengi wa leo wana shaka: huenda aliyeuawa alikuwa Bardiya wa kweli, na mnyang'anyi akawa ni Dario. Kinachotia shaka zaidi ni bidii aliyoifanya Dario kukanusha. Kisa chake alikichonga kwenye mwamba wa Bisitun, juu sana ya njia kuu ya kutoka Babeli kwenda Ekbatana, kwa lugha tatu: Kielamu, Kibabeli na Kiajemi cha kale. Mchongo unamwonyesha akimkanyaga Gaumata aliyelala chali, na mbele yake waasi tisa wamefungwa kamba shingoni. Kwa kuwa hakuna mpita njia aliyeweza kusoma maandishi ya juu kiasi hicho, nakala zilisambazwa majimboni. Moja ya Kiaramu, ya papairasi, ilikutwa katika kisiwa cha Elephantine, kusini mwa Misri.

Mwamba huohuo ndio uliofungua mlango wa lugha zilizokufa. Mwalimu wa Kijerumani, Georg Friedrich Grotefend, alikwisha kukisia majina ya wafalme kadhaa mwaka 1802 kwa kulinganisha maandishi mafupi ya Persepolis. Henry Rawlinson, ofisa wa jeshi la Uingereza, alianza kunakili Bisitun mwaka 1835. Sehemu ya Kibabeli, iliyoko pabaya zaidi, ilinakiliwa mwaka 1847 na kijana wa Kikurdi aliyetambaa kwenye uso wa jabali kwa vigingi na kamba. Jina la Rawlinson limo katika kila kitabu; la kijana huyo halikuandikwa. Kiajemi cha kale kiliposomeka, Kibabeli kilifuata, na maktaba nzima za Mesopotamia zikaanza kusema.

Dario, aliyetawala hadi 486 KK, ndiye aliyeipa milki umbo la dola. Majimbo yaliwekwa chini ya maliwali, wengi wao Waajemi wa ukoo wa juu, na kila jimbo likakadiriwa ushuru wake. Alitoa sarafu ya dhahabu ya gramu 8 na kitu, akakamilisha mfereji wa kuunganisha Nili na Bahari ya Shamu, na barua za serikali zikawa zinaandikwa kwa Kiaramu, lugha iliyoeleweka na makarani wa nchi nyingi. Barabara ya Kifalme ilitoka Sardi hadi Susa. Herodotus ameandika kwamba ilikuwa na vituo 111 na kwamba mtu wa miguu aliimaliza kwa siku 90, lakini matarishi wa mfalme walipokezana farasi mpya kila kituo.

Susa ulikuwa mji wa Waelamu kwa maelfu ya miaka kabla Dario hajajenga jumba lake hapo. Hati ya msingi wa jumba hilo inaorodhesha vitu vilikotoka: mierezi ya Lebanoni, dhahabu ya Lidia na Baktria, mawe ya buluu ya Sogdiana, pembe za ndovu za Kushi na za India. Mwaka 1972 waakiolojia wa Kifaransa walikuta kwenye lango la jumba sanamu ya Dario isiyo na kichwa, iliyochongwa Misri. Vazi ni la Kiajemi, lakini kitako chake kimeandikwa kwa alama za Kimisri orodha ya mataifa 24 yaliyotawaliwa. Kushi, nchi iliyo kusini mwa Misri, inatokea pia Persepolis: katika ngazi za ukumbi wa Apadana, wajumbe wa mwisho katika msafara ni Waafrika wanaoleta pembe ya ndovu na mnyama ambaye wengine humwona twiga na wengine okapi.

Persepolis wenyewe ulianzishwa na Dario karibu mwaka 518 KK juu ya jukwaa la mawe lenye eneo la mita za mraba 125,000, na wafalme waliofuata waliendelea kujenga kwa zaidi ya karne moja. Apadana ilikuwa na nguzo 72 za kimo cha mita 20 hivi. Leo zimesimama 13. Chuo Kikuu cha Chicago kilichimba hapo kuanzia 1931, kwanza chini ya Herzfeld, kisha chini ya Erich Schmidt hadi 1939. Mwaka 1933, katika vyumba vya ngome kwenye pembe ya kaskazini-mashariki ya jukwaa, wachimbaji walikuta makumi ya maelfu ya vibao vya udongo na vipande vyake.

Vibao hivyo ni stakabadhi. Vingi vimeandikwa kwa Kielamu, mamia kwa Kiaramu, na kimoja kwa Kigiriki kinachotaja mvinyo. Ni vya miaka ya 509 hadi 493 KK. Humo mna unga aliopewa msafiri mwenye hati ya kutoka India, shayiri ya kuku, kondoo wa kafara, posho ya mafundi wa Misri na wa Lidia. Richard Hallock alitumia sehemu kubwa ya maisha yake kuvisoma, akachapisha 2,087 kati yake mwaka 1969. Mkuu wa ofisi hiyo aliitwa Parnakka, na posho yake ya siku moja ilikuwa kondoo wawili, zaidi ya lita 80 za mvinyo na unga mara mbili ya kiasi hicho. Bila shaka alilisha watu wengi kwayo. Kibao kimoja kinabeba amri ya Dario mwenyewe kwamba Irtashduna, mkewe, apewe kondoo 100. Wanawake wa ukoo wa kifalme walimiliki mashamba, walikuwa na wafanyakazi wao na walipiga mihuri yao wenyewe. Hawafanani na wanawake waliofichwa nyuma ya pazia wanaosimuliwa na Wagiriki.

Chini kabisa walikuwapo vibarua wa mfalme, maelfu kwa maelfu, waliolipwa nafaka. Mwanamke msimamizi wa kundi aliweza kupata posho iliyozidi ya kila mmoja aliyekuwa chini yake. Aliyejifungua alipewa nyongeza ya mvinyo au bia, na wa mtoto wa kiume alipata maradufu ya wa mtoto wa kike. Kama watu hawa walikuwa watumwa, mateka au vibarua wa kawaida, mjadala haujaisha. Yamkini walikuwamo wa kila aina. Hata habari za dini zimo: Ahuramazda, mungu anayesifiwa katika matamko yote ya Dario, anapokea sadaka mara chache kuliko Humban, mungu wa Waelamu. Mfalme aliyemtukuza Ahuramazda kwenye majabali ndiye aliyekuwa akilipia kafara za Humban kutoka ghala lake. Na miongoni mwa majina ya miji umo Tirazish au Shirazish, ambao ndio Shiraz.

Vibao vilikopeshwa kwa Chuo Kikuu cha Chicago katika miaka ya 1930 ili visomwe. Katika karne ya 21 vikawa kiini cha kesi, pale watu waliojeruhiwa katika shambulio la bomu Jerusalem walipotaka vikamatwe kufidia hukumu dhidi ya serikali ya Iran. Mahakama Kuu ya Marekani iliwakatalia Februari 2018, na mwaka uliofuata vibao 1,783 vikarudishwa Tehran.

Vita na Wagiriki, vinavyojaza vitabu vya Ulaya, kwa Waajemi vilikuwa habari za mpakani. Walishindwa Marathon mwaka 490 KK, kisha Xerxes, ndiye Ahasuero wa Biblia, akashindwa Salamis mwaka 480 KK na jeshi lake Plataea mwaka uliofuata. Baada ya hapo dola iliendelea kwa karibu miaka 150, na mwaka 386 KK Artashasta wa Pili aliwaamulia Wagiriki masharti ya amani. Kilichoiangusha ni Aleksanda wa Makedonia, aliyeuchoma Persepolis mwaka 330 KK. Wachimbaji walikuta majivu na makaa ya mierezi sakafuni.

Utawala wa Wagiriki waliomfuata Aleksanda ulitoa nafasi kwa Waparthi kuanzia karne ya 3 KK, na mwaka 224 BK ukoo mwingine wa Fars, Wasasani, ukaushika tena ufalme. Hao walichonga ushindi wao Naqsh-e Rostam, chini ya makaburi ya Dario na Xerxes, ukiwamo wa Shapur wa Kwanza aliyemteka kaisari Valerian wa Roma mwaka 260. Dola yao iliangushwa na majeshi ya Waislamu, na mfalme wa mwisho, Yazdgerd wa Tatu, aliuawa mwaka 651.

Wasasani ndio wanaokaribia pwani ya Afrika Mashariki. Huko Siraf, bandari ya Ghuba iliyochimbwa na David Whitehouse kuanzia 1966 hadi 1973, biashara iliyostawi chini ya Uislamu ilijengwa juu ya misingi ya zama zao, na vigae vya mitungi ya rangi ya feruzi vya mtindo ulioanza wakati huo vimepatikana Unguja Ukuu na Manda. Washirazi wa masimulizi ya Kilwa ni wa baadaye: utafiti wa vinasaba vya watu 80 waliozikwa katika miji ya Waswahili, uliotolewa mwaka 2023, unaonyesha kwamba wanaume wenye asili ya Uajemi walianza kuchanganyika na wanawake wa Kiafrika mnamo mwaka 1000 BK, miaka zaidi ya 1,500 baada ya Koreshi.