Msitu wa Ukungu Juu ya Nyika ya Mlali

Mlali ni kata ya wilaya ya Kongwa, mkoani Dodoma, mahali ambapo tambarare ya kati inakaribia kwisha na vilima vya Ukaguru vinaanza kuinuka. Magharibi yake ni nchi ya mibuyu, migunga na vichaka vya miiba, nchi inayopata mvua ya milimita 550 hadi 600 kwa mwaka, karibu yote kati ya Desemba na Aprili. Mashariki yake, juu ya safu ya milima, upo msitu usiopukutisha majani, wenye mipodo na mikulo, unaolowa hata katika miezi ambayo vumbi limetanda Kongwa. Sehemu hizo mbili zinatenganishwa na mwinuko tu.

Kadiri mtu anavyopanda, hewa hupoa kwa wastani wa nyuzi 0.6 za sentigredi kila mita 100. Jiji la Dodoma liko mita 1,100 hivi kutoka usawa wa bahari. Kilele cha Mamiwa, kirefu kuliko vyote Ukaguru, kinafika mita 2,260 hivi. Tofauti ya joto kati yao ni kama nyuzi saba. Jambo kubwa zaidi ni maji. Upepo wa Bahari ya Hindi hufika Ukaguru ukiwa na unyevu, hulazimika kupanda, hupoa na kunyesha upande wa mashariki na vileleni. Unaposhuka magharibi umekwisha kujikamua. Nyika ya Mlali na Kongwa iko katika kivuli hicho cha mvua, na mlima unaoinyima mvua ndio huohuo unaoirudishia maji kwa vijito.

Mti wa kila daraja umejifunza maisha ya daraja lake. Mbuyu wa tambarare huweka maji katika shina lake laini na kukaa miezi mingi bila majani. Miyombo ya kwenye miteremko hupukutika, huungua, kisha huchipua upya kutoka shinani na mizizini. Juu kabisa, mti hauhitaji kuweka akiba. Kuvumwani hufunika matawi yake kama sufi iliyoloweshwa. Ukungu unapopita hunaswa kwenye majani, hujikusanya kuwa matone, na matone hudondoka chini siku ambayo hakuna mvua iliyonyesha. Mti hapo unavuna maji. Ukikatwa, ukungu hupita juu ya majani makavu na kwenda zake.

Misitu hiyo ni ya kale sana. Ukaguru ni sehemu ya Milima ya Tao la Mashariki, inayoanzia Taita nchini Kenya hadi Udzungwa. Katika zama za mwisho za barafu, miaka 20,000 hivi iliyopita, sehemu kubwa ya Afrika ilikauka na misitu ikasinyaa. Tope la kinamasi cha Deva-Deva katika milima ya Uluguru limetunza chavua za zaidi ya miaka 40,000, na chavua hizo zinaonyesha kwamba msitu wa huko haukutoweka. Bahari ya Hindi iliendelea kuupelekea unyevu. Ndege nao ni mashahidi: mwaka 1991 wataalamu walimgundua Udzungwa kwale ambaye jamaa zake wa karibu wako Asia, na baadaye kwale wa aina hiyo akapatikana pia Rubeho, safu jirani ya Ukaguru.

Watu wa tambarare walijua thamani ya milima hiyo muda mrefu kabla ya vitabu. Misafara ya karne ya 19 kutoka Bagamoyo ilipumzika Mpwapwa, chini ya milima ya Kiboriani, kwa sababu palikuwa na maji ya kijito. Mbele yake ilikuwapo Marenga Mkali, nyika ya maji machungu, ambayo wapagazi waliivuka kwa haraka kabla ya kuingia Ugogo. Wagogo wenyewe walipanga maisha yao kwa kuzijua mvua zisizoaminika, kwa uwele, mtama na mifugo. Ukame ulipokutana na uporaji wa chakula na kuchukuliwa kwa wapagazi katika Vita Kuu ya Kwanza, ilitokea njaa ya Mtunya, kati ya 1917 na 1920, ambayo jina lake halijasahaulika.

Wajerumani walianza kutenga misitu ya hifadhi kwa sheria ya mwaka 1904, na Waingereza wakaendeleza. Hata hivyo hao Waingereza ndio waliokuja Kongwa mwaka 1947 na mpango wa karanga, bila kuiuliza nyika inapata mvua kiasi gani. Matrekta, mengine yakiwa vifaru vya vita vilivyogeuzwa, yaling'oa vichaka na kupambana na mibuyu. Udongo wa mfinyanzi, ulipokosa kivuli na mvua, uliganda kama tofali, na karanga zikashindwa kung'olewa. Mwaka 1951 mpango ulifutwa, baada ya mamilioni ya pauni kupotea. Hakuna funzo la wazi zaidi la tofauti kati ya ardhi tupu na ardhi yenye mti katika mkoa huu.

Mmomonyoko wa udongo ulizidi, hasa wilayani Kondoa. Mwaka 1973 serikali ilianzisha mradi wa Hifadhi Ardhi Dodoma, HADO, na mwaka 1979 mifugo iliondolewa katika eneo lililoharibika zaidi la Kondoa. Makorongo yakaota nyasi na miti. Madhara ya miteremko iliyo wazi yanafika mbali: maji na mchanga wa mito ya Kinyasungwe na Mkondoa yamekuwa yakiharibu Reli ya Kati baina ya Gulwe na Kilosa mara kwa mara, na mafuriko ya mwanzoni mwa 2010 yaliikata kabisa.

Sasa joto lenyewe linapanda. Kwa hesabu ya nyuzi 0.6 kila mita 100, ongezeko la nyuzi moja huutaka mti upande mita 160 au zaidi ili ubaki katika hali ya hewa uliyoizoea. Mti wa mteremkoni una pa kwenda. Mti wa karibu na kilele cha Mamiwa hauna, kwa sababu juu yake ni anga. Tena mlima ni mpana chini na mwembamba juu, hivyo hata palipobaki nafasi ni finyu.

Lakini joto haliui peke yake, na hili lisipuuzwe. Kilimanjaro, ambako barafu imepungua sana tangu mwanzo wa karne ya 20, mpaka wa juu wa msitu haukupanda kama wengi wangetarajia. Umeshuka, kwa sababu ukame umeongeza mioto, na mioto imeteketeza miti ya juu. Ukaguru na Rubeho moto hutoka mashambani na malishoni, hupanda mteremko mwishoni mwa kiangazi, na kila mwaka hula ukingo wa msitu kidogo.

Katika wilaya za Kongwa, Mpwapwa na Chamwino, wakulima wengi wanatumia njia ya kisiki hai: hawapandi mche, wanachagua machipukizi imara kwenye kisiki kilichokatwa, wanapogoa mengine na kuyalinda yaliyoachwa yasiliwe na mbuzi. Njia hiyo inafaa tambarare na miyombo, kwa kuwa mizizi ingali hai chini. Huko juu kwenye ukungu kazi ni nyingine: kuzuia moto usifike, maana msitu uliodumu zama za barafu hauna kinga yoyote dhidi ya kiberiti.