Kitabu cha breli kinaishia getini kwa shule

Ukipanda matatu Embu kwenda Meru, ukishapita Chuka na Chogoria unafika Igoji. Hapo ndipo kuna St. Lucy's, shule ya wasioona ya Kanisa Katoliki. Jina halikuokotwa tu: Lucy ni mtakatifu wa macho. Nimepita hapo mara nyingi bila kujiuliza, mtoto akishamaliza shule, anasoma nini?

Mambo yalianza hivi. Jeshi la Wokovu lilifungua shule ya wasioona Thika 1946, Wakatoliki nao wakaja na ya Igoji, na vitabu vya breli vikafuata shule. Kuvitengeneza si mchezo. Karatasi ni nzito, nukta zinachukua nafasi, Biblia moja tu inajaza rafu nzima. Halafu kulikuwa na hakimiliki: nchi nyingi, hukuweza kugeuza kitabu kuwa breli bila ruhusa ya mwenyewe. Mkataba wa Marrakesh wa 2013 ulikuja kutoa hicho kizuizi, Kenya ikajiunga 2017.

Najua utaniambia siku hizi simu inasoma kwa sauti. Sawa, lakini sikio halikufunzi tahajia.

Katiba ya 2010 inataja breli waziwazi, na hiyo hiyo ikapea kaunti kazi ya maktaba. Kwa hivyo hii si kazi ya kanisa peke yake tena. Wiki hii naenda maktaba ya Embu kuuliza rafu ya breli iko wapi. Wewe wa Meru, uliza ya huko, tuambiane.