Hardy Krüger wa Momella

Katika picha za sinema za Kiingereza zihusuzo vita, Mjerumani ana kazi yake maalumu: aje akiwa adui, aseme kwa ukali, ashindwe kabla taa za ukumbi hazijawashwa. Hardy Krüger aliila riziki ya kazi hiyo kwa miaka mingi, na kwa muda wa miaka kama 13 hivi makazi yake yalikuwa Momella, chini ya Mlima Meru.

Alizaliwa Berlin mwaka 1928. Alipokuwa na umri wa miaka 13 alitiwa katika shule ya Wanazi ya Sonthofen. Kutoka huko akachaguliwa kucheza katika picha ya Junge Adler, iliyotoka mwaka 1944. Mwaka uliofuata akavishwa sare ya SS na kupelekwa vitani, hali angali mtoto. Basi askari wa Kijerumani aliyemwiga baadaye hakuwa mtu wa kubuniwa kwake.

Mwaka 1957 Waingereza walimpa kazi kubwa katika The One That Got Away, kisa cha rubani Franz von Werra, mfungwa aliyewatoroka akafika kwao. Yafaa tulipime jambo hili: miaka 12 tu baada ya vita, mtazamaji wa London alitakiwa kumtakia heri adui yake. Zikafuata Bachelor of Hearts mwaka 1958 na Blind Date mwaka 1959. Katika picha hizo yeye ndiye aliyekuwa mbele. Baadaye, majina makubwa yalipojaa kwenye matangazo, alirudi nyuma akawa mchezaji msaidizi. Na kwa maoni yangu hapo ndipo alipokuwa hodari zaidi.

Aliletwa Tanganyika na picha ya Kimarekani, Hatari!, ya Howard Hawks, iliyopigwa mwaka 1960 na 1961 na kuonyeshwa mwaka 1962. John Wayne aliongoza kundi la wakamata wanyama, Krüger akiwa Kurt, dereva wa gari la kufukuzia. Picha ilipokwisha wenzake walirudi makwao, yeye akabaki na shamba Momella, mahali alipokuwa ameishi kabla yake Margarete Trappe, mlowezi wa Kijerumani. Akafungua hoteli, akaandika na kitabu juu ya shamba hilo.

Lakini nchi ile haikuwa pori lisilo mwenyewe. Jirani na Momella ni Ngare Nanyuki, ambako Novemba 1951 serikali ya Kiingereza iliwahamisha Wameru wapatao 3,000 kwa nguvu ili ardhi yao wapewe walowezi. Mwaka 1952 Kirilo Japhet alisimama mbele ya Umoja wa Mataifa, New York, kuwatetea. Haikutimia miaka kumi, kamera za Hawks zikafika jirani na hapo. Katika Hatari! wenyeji hupita pembeni kama mapambo, na neno letu wenyewe limetundikwa juu ya mlango wa nyumba tusimokaribishwa.

Krüger aliondoka Momella mwaka 1973. Mwaka 1977 alikuwa jenerali wa Kijerumani katika A Bridge Too Far; mwaka 1978 ikatoka The Wild Geese, kisa cha mamluki wanaotumwa kumwokoa rais wa Kiafrika, Limbani. Richard Burton, Roger Moore na Richard Harris ndio waliowavuta watu. Krüger alikuwa Coetzee, Kaburu mwenye kuwadharau Waafrika, naye ndiye anayelazimika kumbeba Limbani mgonjwa mgongoni. Rais huyo aliigizwa na Winston Ntshona. Huku akibebwa, Limbani humjibu Kaburu neno kwa neno, na Coetzee hubadilika kidogo kidogo mpaka anapouawa. Maadui wao porini wameitwa Simba, jina lililochukuliwa kwa waasi wa Kongo wa mwaka 1964.

Mazungumzo hayo ni mafupi, na yaliyobaki ni bunduki. Tena picha hiyo ilipigwa Afrika Kusini, katika siku za ubaguzi wa rangi. Hata hivyo, ukimwondoa Coetzee, Limbani hubaki mzigo usio na sauti. Mchezaji msaidizi ndiye aliyempa mtu wa kusema naye.

Krüger alifariki California, Januari 2022, akiwa na umri wa miaka 93. Katika uzee wake aliwahutubia vijana wa Ujerumani dhidi ya Unazi, akiwasimulia habari za Sonthofen.