Njozi, Dhiki na Tumaini katika Maandishi Yanayohusu Katavi: Kutoka Karema hadi Mishamo

Historia ya fasihi ya Kiswahili imezoea kuanzia Pate, Lamu na Mombasa, ikashukia Tanga kwa Shaaban Robert na Unguja kwa watunzi wa riwaya, kisha ikaruka hadi Ukerewe kwa Euphrase Kezilahabi. Nchi iliyo kati ya Mpanda na ufuo wa Ziwa Tanganyika hutajwa kwa nadra. Mkoa wa Katavi wenyewe ni mchanga, kwani ulimegwa kutoka Rukwa mwaka 2012. Hata hivyo, ardhi hiyo imezaa maandishi mazito: tawasifu ya mtoto aliyetekwa utumwani na masimulizi ya wakimbizi walioishi makambini kwa miongo kadhaa. Makala hii inayasoma kama sehemu za historia moja. Hoja inayotetewa ni kwamba maandishi hayo yametengwa na fasihi ya Kiswahili kwa sababu ya lugha na tanzu yalimochapishwa, na kwamba kila utanzu uliamua mapema ni tumaini la aina gani lingeweza kusemwa.

Kiswahili hakina neno moja tu la kile kinachomjia mtu usingizini. Ndoto ni neno la jumla, na siku hizi hubeba pia maana ya matarajio. Njozi inakaribiana na maono. Ruya ina dokezo la ujumbe. Jinamizi humkaba aliyelala. Maruweruwe humjia hata aliye macho. Utajiri huo umetumiwa vyema na watunzi. Katika Mashetani (1971), Ebrahim Hussein anamfanya Kitaru asumbuliwe na njozi ambazo wazazi wake wanaziona kuwa maradhi, ilhali kinachomsumbua ni historia. Kezilahabi naye, katika Nagona na Mzingile, alivunja kabisa mpaka kati ya tukio na maono. Katavi ina msingi wake wa namna hiyo katika simulizi: ziwa lililoipa hifadhi ya taifa jina lake linahusishwa na mzimu wa Katabi, ambao watu wameuwekea sadaka chini ya mkwaju. Kwa jamii za Wabende na Wapimbwe, yasiyoonekana yana mahali pake pa kukaa, na mahali hapo panajulikana.

Maandishi ya awali kuhusu eneo hili yalikuwa ya wageni. Karema, ambayo leo imo katika Wilaya ya Tanganyika, ilifanywa kituo mwaka 1879 na Cambier, aliyetumwa na Chama cha Kimataifa cha Afrika cha Mfalme Leopold II. Joseph Thomson na Jérôme Becker waliandika kuhusu kituo hicho katika vitabu vya safari vilivyotoka mwaka 1881 na 1887. Ni vitabu vyenye taarifa nyingi, lakini dhiki inayosimuliwa humo ni ya msafiri: homa, mizigo, wapagazi wanaotoroka. Sababu za mpagazi kutoroka hazikuwa na nafasi katika utanzu huo.

Mwaka 1885 kituo kilikabidhiwa kwa Wamisionari wa Afrika, waliojulikana kama Mapadri Weupe, na miaka michache baadaye alifika mtu aliyebadili sura ya maandishi ya Karema. Adrian Atiman alizaliwa karibu na pindo la Mto Niger, akatekwa na Watuareg akiwa mtoto, akavushwa Sahara na hatimaye akakombolewa na wamisionari nchini Algeria. Kadinali Lavigerie alikuwa na mpango wa kuwaelimisha vijana wa Kiafrika kuwa matabibu na makatekista. Atiman akapelekwa Malta kusomea utabibu. Alifika Karema mwaka 1889, akaoa huko, akatibu watu kwa zaidi ya miaka sitini, na akafariki mwaka 1956. Masimulizi ya maisha yake yalichapishwa kwa Kiingereza katika jarida la Tanganyika Notes and Records mwaka 1946.

Tawasifu hii inastahili kuwekwa kando ya Uhuru wa Watumwa (1934) cha James Mbotela, kitabu kilichosomwa sana shuleni. Vyote viwili vina umbo moja: utekwaji, safari ya mateso, ukombozi kwa mkono wa Mzungu, maisha mapya. Mbotela amelaumiwa, na kwa haki, kwa kuwasifu wakombozi wa Kiingereza kupita kiasi. Atiman naye anaandika kama mtoto wa misheni, na shukrani ndiyo sauti inayotarajiwa katika maandishi ya namna hiyo. Lakini tofauti ni kubwa. Mbotela anasimulia ukombozi wa jamii iliyokusanywa Freretown, ambamo walio huru wanabaki pamoja. Atiman aliachiliwa katika bara lilelile ila si katika nchi yake. Aliyemkomboa hakumrudisha Niger. Tumaini lake halikuwa la kurejea, likageuzwa kuwa kazi ya kila siku ya kuganga wagonjwa wa nchi ya watu wengine. Ajabu ni kwamba Mbotela, aliyeandika kwa Kiswahili, amejadiliwa na vizazi vya wahakiki, ilhali Atiman amebaki mali ya wanahistoria wa misheni na wa tiba.

Kipindi kinachofuata hakihitaji maneno mengi. Mgodi wa risasi uliivutia reli ya takribani kilomita 210 kutoka Kaliua hadi Mpanda, iliyokamilika mwaka 1950. Mgodi ukafungwa mwaka 1960. Mji ulioota kwa ahadi ya madini ulibakia na reli.

Matukio ya Burundi ya mwaka 1972 ndiyo yaliyoleta wimbi la pili la masimulizi. Wakimbizi Wahutu walipewa makazi Katumba kuanzia mwaka 1973 na Mishamo mwaka 1978. Waliolengwa zaidi katika mauaji hayo walikuwa wenye elimu: walimu, wanafunzi, watumishi wa serikali. Jambo hili lina uzito wa kifasihi, kwa kuwa jamii iliyofika Mpanda ilikuwa imepoteza wengi wa watu wake wa kalamu. Kumbukumbu ikabebwa kwa mdomo. Liisa Malkki aliyasikiliza masimulizi hayo Mishamo na katika mji wa Kigoma mwaka 1985 na 1986, akayachapisha katika Purity and Exile (1995). Anayaita kwa jina linaloweza kufasiriwa kuwa historia-kisasili: matukio yaliyotokea kweli hupangwa upya katika mizani ya wema na uovu, hadi kila kisa cha mateso kinakuwa fundisho. Ameyaweka katika visehemu vilivyotengwa na maelezo yake, na msomaji wa fasihi simulizi atatambua humo urudiaji, ulinganuzi na fomula zisizo za msimulizi mmoja.

Tofauti aliyoiona kati ya kambi na mji ndiyo kiini cha kitabu. Mishamo, dhiki ya kulima na kuomba kibali cha kutoka ilieleweka kuwa jaribu linalowatakasa watu kabla ya kurudi kwao. Kigoma, wakimbizi walioana na wenyeji, wakabadili majina na utambulisho, wakatafuta kutotambulika. Kambini tumaini lilihitaji kusimuliwa tena na tena; mjini lilihitaji kunyamaza. Marc Sommers, katika Fear in Bongoland (2001), aliwafuata vijana waliotoroka makazi hayo na kuwa mafundi cherehani Dar es Salaam. Hofu ya wazazi ilikuwa imewafuata, japo wao hawakuyaona ya 1972. Hapa jinamizi linarithiwa kama vile lugha inavyorithiwa.

Gamba la Nyoka (1979) cha Kezilahabi kinasaidia kuona kilichokosekana katika usomaji huo. Riwaya hiyo inachora vijiji vya ujamaa vikiundwa kwa nguvu, na raia wakipangwa na mamlaka yaliyoamini yanawajengea kesho njema. Mishamo ilichorwa kwa fikra za enzi hiyohiyo: nyumba zikipangwa kwa mstari, mashamba yakipimwa, mienendo ikidhibitiwa. Mwanakijiji wa Kezilahabi alikuwa na uwezo wa kukejeli, kwa sababu uraia wake haukuwa na shaka. Mkimbizi hakuwa na anasa ya kejeli, na pengine ndiyo maana historia-kisasili ya Mishamo ni nzito kiasi kile, haina mzaha.

Kisha mwisho wa kisa ukabadilika. Mwaka 2007 serikali ilifungua njia ya uraia kwa wakimbizi wa 1972. Zaidi ya watu 162,000 walikubaliwa mwaka 2010, kwanza kwa sharti la kuhama makazi hayo, sharti lililoachwa baadaye, na vyeti vikaanza kutolewa mwaka 2014. Masimulizi yaliyokusanywa na Malkki yote yalielekea kwenye kurudi; bila kurudi, hayana hitimisho lake la asili. Waliozaliwa Katumba na Mishamo wamesoma kwa Kiswahili katika shule za Tanzania, na Kiswahili ndiyo lugha waliyo nayo ya kusimulia jinsi safari ya wazazi wao ilivyoishia hapo ilipoanzia kuwa ya muda.