Waliohariri historia ya Kilwa na uzi wa mama

Katika riwaya ya George Orwell, 1984, iliyochapishwa mwaka 1949, Winston Smith ana kazi ya ajabu. Kila siku ofisini hupokea maagizo ya kurekebisha magazeti ya zamani ili yakubaliane na yanayosemwa na serikali leo. Aliyekosana na wakubwa hufutwa, ikawa kana kwamba hakupata kuzaliwa. Naye Isaac Asimov, katika The End of Eternity ya mwaka 1955, alibuni fundi anayeingia ndani ya wakati wenyewe, akahamisha chombo kutoka rafu moja hadi nyingine, basi, maisha ya watu wengi yakageuka.

Hizo ni kazi za kubuni. Hakuna chuo kinachotoa shahada ya uhariri wa wakati. Hata hivyo, msomaji mpenzi, nashikilia kwamba pwani yetu imewahi kuwa na wahariri wa aina hiyo. Hawakuwa na mitambo. Walikuwa na kalamu, karatasi na bwana wa kuwaagiza.

Tuanze na neno lenyewe. Katika Kiswahili, hariri ni kitambaa laini kifumwacho kwa nyuzi za kiwavi. Hariri pia ni kitenzi: kusoma andiko, kuondoa hiki, kuunga kile. Kamusi huyatenganisha maneno haya mawili, lakini yote tumeyapata kwa Waarabu, na yote yana herufi zilezile za mzizi. Katika Kiarabu, mzizi huo hubeba pia maana ya kuweka huru. Ndiyo maana tahariri unayoisoma gazetini ni ndugu wa jina la Medani ya Tahrir kule Cairo. Kwa hiyo mhariri anaweza kuliachilia andiko huru. Anaweza pia kuvuta uzi mmoja na kuutupa, na kitambaa kisionyeshe tundu.

Hebu tukitazame kitambaa cha Kilwa. Habari za kuanzishwa kwa dola hiyo zimetufikia kwa njia kuu tatu. Ya kwanza ni tarehe ya Kiarabu iliyotungwa katika karne ya 16, baada ya Wareno kuuvamia mji mwaka 1505. Nakala yake iliyopo London ilichapishwa na Arthur Strong mwaka 1895. Ya pili ni ya João de Barros, mwanahistoria Mreno, aliyeitia habari ya wafalme wa Kilwa katika kitabu chake cha mwaka 1552. Ya tatu ni ya Kiswahili, iliyochapishwa na Mjerumani Carl Velten mwaka 1907.

Tarehe ya Kiarabu husimulia kwamba mfalme mmoja wa Shirazi aliota panya mwenye mdomo wa chuma akiguguna kuta za mji. Akajua nchi inakwisha. Akaondoka na wanawe sita kwa merikebu saba. Moja ilitia nanga Mombasa, nyingine Pemba, na nyingine Kilwa. Kisiwa cha Kilwa kilikuwa na mwenyewe, mtawala asiye Mwislamu. Mgeni alikinunua kwa nguo, nguo za kutosha kukizunguka kisiwa kizima. Baada ya hapo mababa wanazaa wana, nao wana wanatawala. Biashara imekwisha, mwenyeji kaenda zake bara.

Sasa mfungue Barros. Safari ni ileile na nguo ni zilezile, lakini kuna jambo ambalo tarehe ya Kiarabu hailitaji. Ali, mwanzilishi wa Kilwa, alikuwa mwana wa mfalme aliyezaliwa na mjakazi Mhabeshi. Ndugu zake, waliozaliwa na mama wa Kiajemi, walimdharau kwa ajili hiyo, naye akaona afadhali akatafute makao kwingine. Kwa masimulizi haya, dola ya Kilwa ilianzishwa na mtu aliyekimbia kusimangwa kwa sababu ya mama yake Mwafrika.

Simulizi ya Kiswahili nayo inamtaja mwenyeji kwa jina: Mzee Mrimba. Mgeni hanunui tu. Anaposa, anamwoa binti wa Mrimba, kisha anamtuma mkewe akamwambie babaye kwamba haifai mkwe na mkwewe kukaa mahali pamoja. Mrimba anakubali kuhamia bara kwa sharti atandikiwe nguo njia nzima. Binti anazaa mtoto wa kiume. Mtoto anapokua anaenda kumwamkia babu yake, na babu anamkabidhi utawala. Yaani nguo zilinunua njia tu. Enzi yenyewe ilipita kwa mama.

Umeiona tofauti? Tukio ni moja, ila katika andiko moja mama hayupo, katika la pili yupo lakini ni mjakazi, na katika la tatu ndiye daraja la ufalme. Sisemi kwamba mwandishi wa Kiarabu alikuwa mwongo kama Winston Smith. Aliandikia watu wa jumba la kifalme, katika zama ambazo nasaba ya baba ilikuwa ndiyo hati ya kumiliki. Alichagua uzi uliowafaa. Na huo ndio uhariri wenye nguvu kuliko wote: si kuandika uongo bali kunyamaza.

Kimya hicho hakikuishia kitabuni. Katika enzi ya ukoloni, wataalamu wengi waliyaangalia magofu ya mawe ya pwani, wakazisoma tarehe za mababa, wakaamua kwamba aliyejenga ni mgeni. Mwafrika akabakishiwa kazi ya kubeba mawe. Mpaka leo Mswahili huulizwa, “Wewe hasa ni kabila gani?” Akijibu Mswahili, huambiwa eti hilo si kabila. Ajitangazapo kuwa Mshirazi, hucheka wengine. Wote wawili, anayeuliza na anayecheka, wanasoma toleo moja tu la hadithi.

Ila upo uzi ambao hakuna mhariri aliyeweza kuukata, nao ni lugha. Mwaka 1985, Derek Nurse na Thomas Spear walitoa kitabu kilichoonyesha kwamba Kiswahili ni lugha ya Kibantu, jamaa ya karibu ya Kipokomo, lugha za Wamijikenda na Kingazija. Maneno ya kukopa tunayo tele, lakini sarufi, ngeli na viambishi ni vya hapa. Huyo mwana wa mgeni, hata awe alijisifu kwa Shirazi kiasi gani, alijifunza kusema akiwa mgongoni mwa mama.

Kisha, mwaka 2023, jarida la Nature lilichapisha utafiti wa chembe za urithi za watu 80 waliozikwa zamani pwani na karibu nayo, Kilwa ikiwemo. Watafiti walikuta kwamba kuanzia mnamo mwaka 1000 Waafrika na watu wa asili ya Uajemi walianza kuoana. Asili ya Uajemi iliingia zaidi kupitia wanaume, na ya Afrika zaidi kupitia wanawake. Wengine walishangilia wakasema Ushirazi umethibitishwa. Kweli, tarehe haikuwa ndoto tupu; mababa walikuja. Lakini mifupa imemrudisha pia yule ambaye tarehe ya Kiarabu haikumtaja. Binti Mrimba alikuwa anasema kweli, na ni simulizi ya Kiswahili iliyomtunza.

Hapo ndipo mafunzo yalipo kwetu tunaosoma, kufundisha na kuandika. Tusiitupe tarehe ya zamani kwa sababu imehaririwa, kwa maana hakuna isiyohaririwa. Tuyaweke matoleo kando kwa kando, kisha tuulize: nani hayumo? Mwalimu anayewasomesha wanafunzi merikebu saba za Shirazi, na awasomeshe pia nyumba ya Mzee Mrimba. Wahenga walisema mwacha asili ni mtumwa. Asili ina pande mbili, na anayeacha upande wa mama ameacha vilevile.