Majumba ya Sanaa na Sauti ya Umma: Ukumbi wa Taifa na Kamirithu

Jumba la sanaa haliwi la umma kwa kuwa tu limepewa jina la taifa. Huwa la umma pale wananchi wanapoweza kuingia humo, kusema na kueleweka. Historia ya kumbi mbili nchini Kenya yadhihirisha jambo hilo.

Ukumbi wa Taifa wa michezo ya kuigiza, jijini Nairobi, ulifunguliwa mwaka 1952, mwaka uleule serikali ya kikoloni ilipotangaza hali ya hatari. Hata baada ya uhuru wa 1963, jukwaa lake liliendelea kwa miaka kadhaa kutawaliwa na michezo ya Kizungu. Tamthilia ya Ngũgĩ wa Thiong'o na Micere Githae Mugo juu ya kesi ya Dedan Kimathi, iliyochezwa humo Oktoba 1976, nayo iliandikwa kwa Kiingereza.

Huko Kamirithu, Limuru, wakulima na vibarua walijijengea ukumbi wa wazi kwa mikono yao. Oktoba 1977 waliigiza kwa Kikuyu Ngaahika Ndeenda, yaani Nitaolewa Nikipenda, ya Ngũgĩ wa Thiong'o na Ngũgĩ wa Mirii. Kwa kuwa lugha ilikuwa yao, hawakuwa watazamaji tu: wakati wa mazoezi waliwasahihisha waandishi juu ya usemi uwapasao wazee na vijana. Novemba kibali kilifutwa. Mwishoni mwa Desemba Ngũgĩ wa Thiong'o alitiwa kizuizini bila kushtakiwa, akafunguliwa Desemba 1978.

Huenda ikahojiwa kwamba lugha ya kabila moja hulitenga taifa. Hata hivyo, Maitũ Njugĩra, iliyotayarishwa na kundi hilohilo, ilikuwa na nyimbo za lugha mbalimbali za Kenya. Lakini mwaka 1982 ilinyimwa Ukumbi wa Taifa, na Machi ukumbi wa Kamirithu ukabomolewa. Basi kilichoogopwa hakikuwa ukabila, bali wanyonge kusikilizana.

Mnamo Mei 2022 Ngaahika Ndeenda ilichezwa katika Ukumbi wa Taifa, kwa Kikuyu na kwa Kiingereza. Hilo ni jambo la kushukuriwa, ila halilipi deni lote. Ukumbi wa mji mkuu hauwezi kushika nafasi ya jukwaa ambalo wanakijiji walilijenga, wakalisimamia na kulisemea wenyewe.