Folda Ndogo: Historia Fupi ya Kusevu Gemu, kutoka Katriji za Manjano hadi Dzaleka

Mashine za gemu ambazo wengi wetu tulizijua kwanza, kule Uvira, Bukavu, Bujumbura ama Kigoma, zilikuwa za Kichina, zenye katriji za manjano. Zilikuwa kopi za Famicom, mashine ambayo Nintendo waliitoa Japani mwaka 1983. Kwenye katriji wanakuandikia gemu mia tisa, ukizihesabu ni kumi na mbili zinazojirudia. Hilo watu hulikumbuka na kucheka. Mimi nakumbuka jambo jingine: zile mashine zilikuwa hazina kumbukumbu. Ufike wapi ufike kwenye Mario, umeme ukikatika, ama baba akitaka kuangalia habari, imeisha. Kesho unaanza dunia ya kwanza kama mtu ambaye hajawahi kucheza.

Wenzetu wa mbali walikuwa wameshalishughulikia. Zork, gemu ya maandishi matupu iliyouzwa Marekani kuanzia 1980, ilikuwa na amri mbili, SAVE na RESTORE. Ya kwanza inaandika kwenye diski mahali ulipofika, ya pili inakurudisha hapo. Japani, mwaka 1986, Dragon Quest ya kwanza haikuwa na pa kuandikia, basi ikampa mchezaji neno refu la siri alinakili kwenye daftari. Ukikosea herufi moja, mlango haufunguki. Halafu The Legend of Zelda ilipouzwa Marekani mwaka 1987 ilikuja na betri ndogo ndani ya katriji, kazi yake kuilinda kumbukumbu mashine ikizimwa. Diski, daftari, betri. Katriji zetu za manjano, nyingi hazikuwa na hata kimoja.

Naandika haya kwa sababu hapa Dzaleka vijana wananiuliza kila mara: fundi, gemu nzima ni gigabaiti nane, sasa mbona unahangaika na kale kafolda kadogo? Jibu lake ni refu kidogo.

PlayStation ya kwanza ilitoka Japani Desemba 1994, na ilikuja na memori kadi inayouzwa peke yake, kilobaiti 128 tu, imegawanywa visanduku 15. PlayStation 2, mwaka 2000, ikaleta ya megabaiti 8. Kwenye mabanda ya gemu, ambako tulikuwa tunalipa kwa mechi, kadi hiyo ilibadilisha mambo kuliko picha zote nzuri. Mashine ni ya mwenye banda, televisheni ni yake, hata benchi ni lake. Lakini Master League yako iko mfukoni mwako. Unaanza na kina Castolo na Minanda, wachezaji ambao hawapo duniani, unauza mmoja, unanunua mwingine, misimu inapita. Siku mwenye banda akikufukuza unachomoa kadi, unaenda banda la jirani, unaendelea palepale. Mimi nasema huo ndo mwanzo wa historia yetu kwenye jambo hili, kwa sababu sisi karibu wote tulikuwa wachezaji wasio na mashine.

Hata maneno tuliyotumia yanaonyesha tulikopita. Waliotoka Kivu walisema *kusovegade*, Kifaransa kilichovaa kitenge. Waliopitia kambi za Kigoma ama Kenya walikuja na *kusevu*. Wamalawi wanasema *kusunga*, neno lilelile la kuweka hela na kuweka mahindi ghalani. Na kwenye programu zilizotafsiriwa kwa Kiswahili sanifu kitufe kinaandikwa *Hifadhi*, neno ambalo sisi tulilijua kwanza kutoka kwenye fomu, pale unapoandika kwamba unaomba hifadhi. Kuna jamaa aliliona kwa mara ya kwanza kwenye kompyuta yangu akacheka mpaka akakaa chini.

Kwenye kompyuta mambo yakawa tofauti, maana hakuna kadi ya kuchomoa. Faili liko mahali fulani ndani ya mashine, na lazima ujue ni wapi. Gemu za GTA ndizo zilizotufundisha wengi. Vice City ilifika kwenye kompyuta mwaka 2003, San Andreas mwaka 2005, na zote mbili ziliweka kumbukumbu zake ndani ya My Documents, kwenye folda inayoishia na maneno User Files. Ndani yake unakuta GTASAsf1.b, sf2.b, mpaka sf8.b: nafasi nane, kila moja kama kilobaiti 200. Gemu yenyewe ni gigabaiti kadhaa, lakini gemu inapatikana. Kila fundi anayo, kila jirani anayo, na tuseme ukweli, nyingi zilikuwa kopi za bure. Hizo kilobaiti 200 ndizo hakuna mtu mwingine duniani aliyekuwa nazo.

Nafasi nane hizo hazikuwekwa kwa ajili ya ndugu wanane kwenye nyumba moja, ingawa ndivyo tulivyozitumia. Gemu inaposevu juu ya faili la zamani, la zamani linafutwa huku jipya linaandikwa. Umeme ukikatika katikati ya hapo unaweza kukosa yote mawili, la jana na la leo. Malawi somo hilo tulilipata vizuri sana Januari 2022, kimbunga Ana kilipoharibu kituo cha umeme cha Kapichira kule mto Shire, megawati zaidi ya 120 zikatoka kwa mara moja. Giza likawa la kila siku, nchi nzima. Vijana wakajizoesha wenyewe: leo nafasi ya kwanza, kesho ya pili, keshokutwa unarudi ya kwanza. Benki kubwa zina mpango kama huohuo, wanaulipia tu pesa nyingi zaidi.

Windows nayo ilitupa kazi. Gemu za zamani ziliandika kumbukumbu ndani ya folda zao zenyewe, kwenye Program Files. Vista ilipoingia, mwaka 2007, programu za kawaida zilikatazwa kuandika pale. Lakini ili gemu za zamani zisife, Windows ikawa inazidanganya: gemu inadhani imeandika nyumbani kwake, kumbe faili limepelekwa kimyakimya kwenye VirtualStore, ndani ya AppData, folda ambayo imefichwa. Mtu anakopi gemu nzima, anaipeleka mashine nyingine, anafungua, na timu yake haipo. Anamlaumu fundi. Fundi asiyejua VirtualStore anailaumu flashi.

Na flashi zilistahili kulaumiwa, wakati mwingine. Kuna kirusi kilichozunguka miaka mingi, kinaficha folda zako zote na kuacha shotikati tupu. Watu waliformati flashi wakilia, na data ilikuwa ndani muda wote. Amri ya kuirudisha naijua kama jina la mama yangu: attrib -h -r -s /s /d, halafu herufi ya flashi. Mistari hiyo nimewaandikia watu kwenye karatasi, kwenye boksi la sigara, na mara moja kwenye kiganja.

Kwenye sayiba kulikuwa na Deep Freeze. Hii ni programu inayoigandisha kompyuta: kila unachoandika kinawekwa pembeni, na mashine ikizimwa na kuwashwa kinatupwa, inarudi kama ilivyokuwa asubuhi. Kwa mwenye sayiba ni baraka, virusi vyote vinakufa. Kwa mchezaji ni ile katriji ya manjano imefufuka. Ndo maana vijana walijifunza kukopi folda kabla ya muda wao kuisha, na waliofanya hivo wakawa hawana haja ya kuipenda sayiba moja.

Sasa Mitundu. Ni soko la kusini mwa jiji la Lilongwe, na nilikuwa na kibanda pale: kutengeneza simu, kuweka nyimbo, na kompyuta mbili za gemu. Wateja walikuwa mchanganyiko, Wamalawi wengi kuliko sisi. Kwenye mashine ya pili kulikuwa na Master League moja ya PES 2013 iliyochezwa na vijana wawili pamoja, Mmalawi mmoja na Mkongomani mmoja, kwa zaidi ya mwaka. Mmoja anacheza mechi za nyumbani, mwingine za ugenini, na usajili wanakubaliana kwa kelele.

Machi 2023 serikali ilitangaza kwamba wakimbizi wanaoishi nje ya kambi warudi Dzaleka, mwisho tarehe 15 Aprili. Mei 17 operesheni ya kukamata watu ikaanza Lilongwe, maduka yakafungwa, familia zikapelekwa kambini. Habari hiyo imeandikwa na wengi, na waliopoteza zaidi yangu wapo, waliisimulie wao. Mimi nitasema la kibanda tu. Kompyuta moja niliuza kwa bei ya njaa. Ya pili nilifungua skrubu nne, nikatoa diski, kasha nikaliacha. Diski niliifunga kwenye kitenge.

Lakini kabla ya hapo, wiki nzima, vijana walikuja na flashi. Sikuwaita. Walipanga foleni kama watu wa mahindi. Hakuna aliyeomba gemu. Kila mmoja alisema, niwekee yangu. Wale wawili wa Master League walikuja pamoja na flashi mbili, na nikawakopia folda nzima ya save iliyo ndani ya KONAMI, pamoja na EDIT.bin yenye majina na jezi, maana bila hiyo timu inafunguka na majina ya ajabu. Kibanda hakigawanyiki. Friji haigawanyiki, na wapo waliojaribu. Ile folda iligawanyika mara mbili na kila nusu ikawa nzima.

Mmalawi akabaki Mitundu, mwenzake akaja Dzaleka. Niliirudisha kwenye kompyuta ya jamaa mmoja hapa: unaingiza gemu, unaifungua mara moja ili itengeneze folda zake, unaifunga, ndo unaweka folda ya zamani juu. Ikafunguka msimu uleule, wiki ileile. Leo kuna ligi mbili. Ya Mitundu imeshabeba vikombe, straika wao bado yupo. Ya Dzaleka straika iliuzwa msimu uliofuata tu, na mwenzake alipojua akatuma ujumbe wa sauti wa dakika nne. Wanabishana mpaka sasa ipi ndo ya kweli. Mimi nikiulizwa nanyamaza.

Kuna wanaosema haya yote yameshapitwa, siku hizi kila kitu kinakaa mawinguni. Ni kweli, Steam walianza kuweka kumbukumbu za gemu kwenye seva zao mwaka 2008. Lakini hiyo inataka akaunti, gemu iliyolipiwa, na bando isiyoisha. Tena hata waliolipa hawakukaa salama. Mwaka 2014 San Andreas ya Steam ilipata mabadiliko, nyimbo ambazo leseni zake ziliisha zikatolewa, na kumbukumbu za zamani zikagoma kufunguka. Watu walilala na gemu yao, wakaamka na nyingine. Kopi zetu za 2005 hazikujua habari hiyo.

Kwa upande mwingine WhatsApp imetusaidia bila kukusudia. Kuna kijana alipata safari ya Marekani, akaacha San Andreas yake hapa ikiwa imebaki misheni chache. Baada ya miezi akaandika anaitaka. Kilobaiti 200, nimeituma kama dokumenti, ikafika kabla sijamaliza bando ya siku. Yeye mwenyewe alisubiri safari hiyo miaka mingi.

Sasa hivi kazi yangu nyingi ni ya simu. Tangu Android 11, mwaka 2020, folda ya Android/data imefungwa, programu za kawaida za kufungulia mafaili haziingii humo, kwa hiyo gemu nyingi za simu zinakufa na simu. Inayobaki rafiki wa fundi ni PPSSPP, programu ya Henrik Rydgård iliyotoka 2012, inayochezesha gemu za PSP. Yenyewe inaweka kila kitu waziwazi kwenye folda ya PSP, ndani yake SAVEDATA. Juzi nimeletewa simu kioo kimevunjika vibaya, haionyeshi kitu, lakini kadi yake nzima. Nikatoa SAVEDATA, megabaiti chache, nikaiweka kwenye simu ya kuazima. Mwenyewe akafungua, akaangalia jina la timu na tarehe ya msimu, akatikisa kichwa kukubali. Halafu akatoa flashi ya dada yake mfukoni akauliza kama naweza kumwekea na ya pili.